Gurinder Chadha na filamu za kuomba ruhusa

Alizaliwa Nairobi, akalelewa Southall, na kwa zaidi ya miaka 30 amewachekesha Waingereza kwa visa vya familia za wahamiaji. Wapo wanaosema utamu wake umezidi.

Kocha kijana, Mwayalandi, ameketi kwenye kochi la watu magharibi mwa London. Ukutani kuna picha kubwa ya Guru Nanak, mwasisi wa dini ya Kisikh. Amekuja kumwombea mchezaji wake ruhusa, na mbele yake yupo mzee Bhamra, mwenye kilemba na ndevu, mfanyakazi wa uwanja wa ndege wa Heathrow.

Mzee hapandishi sauti. Anamsimulia mgeni kwamba ujanani, huko Nairobi, yeye ndiye aliyekuwa mrusha mpira wa kasi bora kuliko wote katika kriketi shuleni kwao, na timu yao ilitwaa kombe la Afrika Mashariki. Alipohamia Uingereza, Wazungu wa klabuni walikicheka kilemba chake, wakamtimua. Hakushika mpira tena. Hataki binti yake Jess akaonje shubiri ileile.

Tukio hilo, la dakika chache tu, limo katika Bend It Like Beckham, filamu ya mwaka 2002. Walioitazama wengi hukumbuka magoli, muziki wa bhangra na sura ya Keira Knightley kabla hajawa nyota. Mtazamaji wa huku kwetu huwa anashtuka kidogo. Nairobi inafanya nini sebuleni kwa watu wa Hounslow?

Jibu liko kwa mwongozaji. Gurinder Chadha, aliyeiandika filamu hiyo pamoja na Guljit Bindra na Paul Mayeda Berges, ambaye ni mumewe, alizaliwa Nairobi tarehe 10 Januari 1960, Kenya ikiwa bado koloni. Wazazi wake walikuwa Wapunjabi wa dini ya Kisikh, wale tuliozoea kuwaita Makalasinga.

Jina lake limerudi tena magazetini. Julai 2025 alitangaza kwamba anaandaa mwendelezo wa filamu ile iliyompa umaarufu. Novemba mwaka huohuo akatoa Christmas Karma, filamu ya muziki ambayo wahakiki wengi wa Uingereza waliipokea kwa mapanga. Mabishano ya zamani yakafufuka: je, huyu ni msanii aliyewafungulia wenzake mlango, au ni mpishi anayezidisha sukari katika kila chungu?

Kutoka relini hadi Southall

Reli ya Uganda ilipoanza kujengwa kutoka Mombasa mwaka 1896, Waingereza walileta vibarua wa mkataba zaidi ya 30,000 kutoka India, wengi wao Wapunjabi. Wengi walirejea kwao mikataba ilipokwisha. Wengine walibaki, na nyuma yao wakaja maseremala, waashi, makarani na askari polisi.

Msafiri wa barabara ya Mombasa–Nairobi anaijua gurdwara (hekalu la Kisikh) ya Makindu, ambako mtu wa dini yoyote hukaribishwa chakula bila kulipa. Wapenzi wa mbio za magari wanamkumbuka Joginder Singh, aliyeshinda Safari Rally mara tatu. Kwa hiyo mzee Bhamra na kriketi yake hawakubuniwa hewani. Michezo ilikuwa fahari ya jamii ile, na klabu zao zilikuwa nyumba ya pili.

Baba yake Gurinder alifanya kazi benki nchini Kenya. Familia ilihamia London mwanzoni mwa miaka ya 1960, mtoto akiwa na umri wa miaka miwili hivi. Baba akaenda kuomba kazi ya aina ileile aliyokuwa ameizoea. Kilemba na ndevu vikamponza. Mwisho wake akaishia kuwa muuza duka.

Mtu akishalijua hilo, hotuba ya mzee Bhamra humwingia kwa namna nyingine. Chadha alibadilisha benki kuwa kriketi, akaiacha fedheha ilivyokuwa.

Familia ya Chadha ilitangulia wimbi kubwa. Baada ya uhuru wa Desemba 1963, Waasia wa Kenya walipewa miaka miwili kujiandikisha kuwa raia, na wengi wakabaki na pasipoti za Uingereza. Walipoanza kumiminika London mwaka 1967 na 1968, bunge la Uingereza lilipitisha kwa siku tatu tu sheria ya kuwazuia. Pasipoti ile waliyoahidiwa kuwa ni kinga ikageuka karatasi.

> Chadha alibadilisha benki kuwa kriketi, akaiacha fedheha ilivyokuwa.

Southall, kitongoji kilicho karibu na Heathrow, kilikuwa mji wa Wapunjabi ndani ya London: maduka ya vitambaa, harufu ya bizari, kumbi za sinema za Kihindi. Kilikuwa pia uwanja wa mapambano. Mwaka 1976 kijana Gurdip Singh Chaggar alichomwa kisu hadi kufa mtaani humo. Tarehe 23 Aprili 1979, wakazi walipoandamana kupinga mkutano wa chama cha kibaguzi cha National Front, mwalimu Blair Peach aliuawa katika vurugu na polisi. Gurinder alikuwa binti wa miaka 19.

Nyumbani naye alikuwa na mgomo wake. Alikataa kuvaa nguo za Kihindi na alikataa kupika, kwa sababu alichoka kumwona mama yake akihangaika jikoni huku wengine wakila. Miaka mingi baadaye, toleo la DVD la Bend It Like Beckham liliambatanishwa na kipande ambacho yeye mwenyewe anapika viazi na koliflawa, mama na shangazi wakimsimamia na kumkosoa. Ni kipande cha kuchekesha kuliko baadhi ya filamu zake.

Redio, kisha kamera

Alisomea masuala ya maendeleo katika Chuo Kikuu cha East Anglia, akaongeza mafunzo London College of Printing, kisha akawa ripota wa redio ya BBC. Kazi ya redio ilimfunza kusikiliza watu wanavyosema, na hilo linasikika katika mazungumzo ya filamu zake hadi leo: shangazi zake wa kwenye skrini wanakatizana, wanasengenya, wanaruka kutoka Kipunjabi kwenda Kiingereza ndani ya sentensi moja.

Wakati ulimsaidia pia. Channel 4 ilikuwa imezaliwa mwaka 1982 ikiwa na wajibu wa kisheria wa kuhudumia watazamaji ambao stesheni nyingine ziliwasahau. Taasisi ya Filamu ya Uingereza nayo ilikuwa inatafuta sauti mpya. Mwaka 1989 Chadha alitoa filamu fupi ya hali halisi, I'm British But..., akiwauliza vijana wa Kiasia wanajiona kuwa nani, huku bhangra ikirindima. Mwaka uliofuata alianzisha kampuni yake, Umbi Films.

Filamu yake ndefu ya kwanza, Bhaji on the Beach, ilikuja mwaka 1993. Muswada aliuandika Meera Syal, kutokana na kisa walichokitunga wote wawili. Ndiyo filamu ndefu ya kwanza kuongozwa na mwanamke Mwingereza mwenye asili ya Asia.

Siku moja Blackpool

Kisa ni chepesi kukisimulia. Wanawake wa kituo kimoja cha Birmingham wanapanda basi dogo kwenda kutembea pwani ya Blackpool, siku moja tu, bila waume. Lakini ndani ya basi kila mmoja amebeba lake. Mmoja amemkimbia mume anayempiga. Mmoja, ambaye amepata nafasi ya kusomea udaktari, ana mimba ya kijana mweusi. Mama mwingine wa makamo, aliyechoka na duka lake, kila mara anaona njozi za sinema za Bombay zikimvamia mchana kweupe.

Yupo pia mgeni kutoka Bombay, amevaa kisasa kuliko wote, anayewashangaa wenzake kwamba wanaishi katika India ambayo India yenyewe imekwishaiacha. Ni mhusika mdogo tu, lakini maneno yake ni makali kuliko ya wote. Wahamiaji wa kila kabila wanamjua mtu huyo. Ni yule ndugu anayekuja kutoka nyumbani na kuwakuta wameganda mwaka walioondoka.

Baadhi ya Waasia hawakufurahi. Walisema mwanamume wao amechorwa kama mpiga wanawake, na kwamba mambo ya ndani yameanikwa mbele ya Wazungu. Lawama hii inamfuata kila mwandishi wa jamii ndogo: ukisema ukweli wa nyumbani, umempa jirani mwenye chuki fimbo ya kukupigia. Chadha na Syal walichagua kusema. Mpaka leo naiona kuwa ndiyo filamu yake yenye ujasiri kuliko zote. Mume anayepiga hapewi msamaha wa dakika za mwisho, na machozi hayaoshi kila kitu.

BAFTA waliiteua kuwania tuzo ya filamu bora ya Uingereza. Ungetegemea milango ifunguke. Filamu yake ndefu iliyofuata, What's Cooking?, kuhusu familia nne za asili tofauti mjini Los Angeles katika sikukuu ya Shukrani, ilionekana mwaka 2000, na ilipigwa Marekani. Kati ya filamu hizo mbili ilipita miaka saba.

Wiki ya mguu wa Beckham

Bend It Like Beckham ilitoka Uingereza Aprili 2002, wiki ileile ambayo David Beckham alivunjika mfupa wa mguu akiichezea Manchester United dhidi ya Deportivo La Coruña. Kombe la Dunia lilikuwa mlangoni na nchi nzima ilikuwa inazungumzia mguu mmoja. Hakuna bajeti ya matangazo ambayo ingenunua bahati ya namna hiyo.

Lakini bahati haitengenezi filamu. Parminder Nagra na Keira Knightley walifundishwa kusakata kabumbu na mwalimu Simon Clifford, anayejulikana kwa mbinu za Kibrazili. Nagra ana kovu la kuungua mguuni tangu utotoni. Badala ya kulificha, Chadha aliliingiza katika muswada, nalo likawa kisa cha Jess kuona haya kuvaa kaptula mbele ya wenzake. Hapo utamwona mwandishi aliye macho.

Katika filamu, mechi ya fainali inaangukia siku ya harusi ya dada yake Jess. Baba, baada ya kumtazama binti akijikunyata katikati ya ngoma na vyakula, anamruhusu aende. Uwanjani Jess anapiga mpira wa adhabu, na ukuta wa mabeki machoni pake unageuka kuwa mama, dada na mashangazi waliovalia sari. Anauzungusha mpira pembeni mwao.

Usiku, Jess anapotoboa siri kwamba amepata nafasi ya masomo na soka California, baba anairudia hadithi ya Nairobi. Safari hii anaigeuza. Aliposusa kriketi, anasema, aliyeumia ni yeye mwenyewe, na waliomfukuza hawakupoteza kitu. Neno lilelile lililomfungia binti mlango sasa linamfungulia.

> Neno lilelile lililomfungia binti mlango sasa linamfungulia.

Filamu iligharimu takriban dola milioni 6 na ikaingiza zaidi ya dola milioni 76 duniani. Iliteuliwa kuwania Golden Globe, na chama cha waandishi wa filamu cha Marekani kiliuteua muswada wake. Mwaka 2006 Chadha akapewa nishani ya OBE. Desemba 2010 televisheni ya Korea Kaskazini iliionesha ikiwa imekatwakatwa, jambo ambalo ubalozi wa Uingereza ulilitangaza kuwa la kwanza kwa filamu ya Magharibi kwenye televisheni ya nchi hiyo. Mwaka 2015 ikapanda jukwaani London kama tamthilia ya muziki.

Mzazi wa Kisauni au wa Temeke ambaye binti yake anaficha viatu vya mpira chini ya uvungu hahitaji kuwa Kalasinga ili aielewe. Nadhani hiyo ndiyo sababu ilivuka mipaka. Chadha hakuandika kuhusu ubaguzi kwa ujumla wake. Aliandika kuhusu mtoto anayemwogopa na kumpenda mzazi kwa wakati mmoja.

Utamu unapokolea

Wapinzani wake wana hoja, na si haki kuzipuuza.

Ya kwanza ni kwamba katika filamu hizi mambo makubwa huisha kwa urahisi mno. Mzee mkali analainika, muziki unapanda, familia inakumbatiana uwanja wa ndege. Katika maisha, mabinti wengi waliofukuzwa nyumbani hawakuitwa kurudi.

Ya pili inamhusu Tony, rafiki wa Jess. Anamnong'oneza Jess kwamba yeye anawapenda wanaume, Jess anashangaa, na baada ya hapo filamu inamwacha Tony na siri yake. Upande wa pili, mama wa Kizungu anayedhani binti yake ana mapenzi na Jess anageuzwa kichekesho. Filamu nzima inahubiri mtoto aachwe awe alivyo, lakini yupo mtoto mmoja ambaye hakuna aliyemwombea ruhusa. Watetezi husema mwaka 2002 hata kumtaja tu Tony katika familia ya Kipunjabi kulikuwa hatua. Ni kweli. Hata hivyo ni hatua moja tu, na kamera iliendelea na safari yake.

Ya tatu inahusu kazi zilizofuata. Bride and Prejudice ya mwaka 2004 ilimpeleka Jane Austen Amritsar, ikampa Aishwarya Rai nafasi ya mbele, ikajaza nyimbo na rangi. Wapenzi wa Bollywood waliiona nyepesi, na wapenzi wa Austen wakaiona ya fujo. Angus, Thongs and Perfect Snogging ya 2008 ilikuwa kazi nadhifu ya vijana wa Kizungu pwani ya kusini. It's a Wonderful Afterlife ya 2010, ya mama anayewaua kwa chakula wanaomkataa binti yake, ilipotea haraka.

Delhi, 1947

Pigo zito lilikuja na kazi aliyoipenda kuliko nyingine. Mwaka 2006 Chadha alishiriki kipindi cha BBC cha kufuatilia nasaba za watu maarufu. Safari hiyo ilimfikisha Jhelum, mji wa mababu zake, ambao tangu 1947 uko Pakistan. Bibi yake alikimbia kama mkimbizi wakati India ilipogawanywa, na mtoto wake mchanga alikufa kwa njaa njiani.

Kutokana na jeraha hilo alitengeneza Viceroy's House, iliyotoka mwaka 2017. Aliiandika na mumewe pamoja na Moira Buffini, akaipiga Jodhpur, akamweka Hugh Bonneville kuwa Lord Mountbatten, gavana mkuu wa Uingereza nchini India, na Gillian Anderson kuwa mke wa Mountbatten. Ghorofani Waingereza wanagawa nchi, na chini, miongoni mwa watumishi, kijana wa Kihindu na binti wa Kiislamu wanapendana.

Mwandishi wa Pakistan, Fatima Bhutto, aliishambulia vikali katika gazeti la The Guardian. Kwa maoni yake filamu inawasafisha wakoloni, inawapamba, na inawatupia Waislamu mzigo wa damu. Chadha alijibu katika gazeti hilohilo kwamba hakutengeneza filamu dhidi ya Waislamu, na kwamba alitaka kuonesha watu wa kawaida walivyoumizwa na siasa za wakubwa. Tafsiri yake ya Kihindi, Partition: 1947, ilizuiwa kuoneshwa Pakistan.

Wanahistoria nao walikunja uso. Filamu inajengwa juu ya madai kwamba mipaka ilikwishapangwa London kwa siri, kabla Mountbatten hajafika, ili kulinda masilahi ya Uingereza. Dai hilo limo katika kitabu cha Narendra Singh Sarila, lakini wengi wa taaluma hiyo hawalikubali kama lilivyooneshwa.

Mimi naona kasoro iko kwingine. Silaha ya Chadha ni sebule: mzazi, mtoto, chai, na muda wa kulainika. Mgawanyo wa India, uliowang'oa watu kati ya milioni 10 na 15 na kuua mamia ya maelfu, hauna baba wa kumbembeleza. Mountbatten anabaki mzee mwema aliyedanganywa, kama mzee Bhamra mwingine aliyevaa nishani. Lakini gavana mkuu wa dola hakuwa baba wa mtu. Njia ileile iliyofaa Hounslow ilikwama Delhi.

Mwishoni mwa filamu inatokea habari ya kweli ya bibi yake. Inashinda saa nzima ya mazungumzo ya ikulu iliyotangulia.

Baba wa Luton

Miaka miwili baadaye alirudi sebuleni. Blinded by the Light imetokana na kumbukumbu za mwandishi wa habari Sarfraz Manzoor, kijana wa Kipakistani aliyekulia Luton miaka ya 1980 na kuokolewa na nyimbo za Bruce Springsteen. Chadha na Manzoor walikutana na Springsteen mwenyewe mwaka 2010 kwenye onesho la filamu London, wakapata kibali chake, na bila kibali hicho filamu isingekuwapo kwa sababu nyimbo ndizo uti wake wa mgongo.

Baba katika filamu hii amefukuzwa kazi kiwanda cha magari cha Vauxhall. Hana kriketi ya kukumbuka. Ana cherehani ya mkewe inayowalisha na watoto asioweza kuwatawala. Mwana anataka kuwa mwandishi, baba anataka mshahara. Ukumbini, mwana anaposimama kuhutubia, wazazi wanaingia kimyakimya na kuketi, naye anaiacha karatasi aliyoiandaa.

Ilinunuliwa kwenye tamasha la Sundance, Januari 2019, kwa takriban dola milioni 15. Mauzo ya tiketi hayakufikia matarajio hayo, lakini wahakiki wengi waliisifu. Kwangu ni ya pili kwa ubora baada ya Bhaji, kwa sababu umaskini wa mwaka 1987, Thatcher akiwa madarakani, una uzito ambao nyimbo haziufuti.

Kampala ndani ya Krismasi

Christmas Karma inachukua hadithi ya Dickens ya bahili anayetembelewa na mizimu usiku wa Krismasi. Bahili wa Chadha ni bwana Sood, Mwingereza mwenye asili ya India, anayeigizwa na Kunal Nayyar. Anawachukia wakimbizi, ilhali yeye mwenyewe aliingia Uingereza akiwa mtoto mkimbizi kutoka Uganda.

Mwezi Agosti 1972 Idi Amin aliwapa Waasia siku 90 waondoke. Uingereza ilipokea takriban watu 28,000. Halmashauri ya mji wa Leicester ilinunua tangazo katika gazeti la Uganda Argus kuwaomba wasiende huko, na wengi wakaenda hukohuko. Leo Leicester inajivunia biashara zao.

Chadha amegusa jambo ambalo wengi hulikwepa: mkimbizi wa jana anayetaka mlango ufungwe leo. Uingereza ya miaka ya karibuni imekuwa na mawaziri wa mambo ya ndani ambao mzazi au wazazi wao walitoka Uganda na Kenya, nao walikuwa wakali kwa wahamiaji kuliko waliowatangulia. Hapo palikuwa na filamu kali.

> Mkimbizi wa jana anayetaka mlango ufungwe leo: hapo palikuwa na filamu kali.

Nyimbo nyingi, mizimu inayoigizwa na watu mashuhuri akiwemo Boy George, na theluji ya mapambo vimeifunika. Wahakiki walicheka, na si kwa namna aliyoitaka. Ila sikuona wengi wao wakilizungumzia lile la Uganda kwa uzito unaostahili.

Kinachogombewa

Watu wa filamu Uingereza hawabishani juu ya ladha ya Chadha peke yake. Wanaouliza kwa nini anaongeza sukari hukumbushwa nani anashika mfuko wa fedha. Mwanamke wa Kiasia anayepeleka muswada London huambiwa hadithi yake ni ya watu wachache, na tabasamu ni kiingilio. Akitengeneza filamu chungu, itaoneshwa kwenye kumbi mbili. Akitengeneza tamu, ataitwa mwepesi. Mwanamume wa Kizungu anayetengeneza vichekesho vya mapenzi haombwi kuiwakilisha jamii yake nzima.

Hoja hiyo ina nguvu, ingawa haimwondolei lawama ya kila tukio dhaifu. Bhaji ilitengenezwa kwa fedha kidogo na haikumbembeleza mtu.

Sasa kuna ule mwendelezo wa Bend It Like Beckham. Mpango ni kwamba uonekane mwaka 2027, filamu ya kwanza ikitimiza miaka 25 na Kombe la Dunia la wanawake likichezwa Brazil. Mambo yamebadilika mno. Chama cha soka cha England kiliwahi kuwapiga wanawake marufuku katika viwanja vyake kuanzia 1921 hadi mwanzoni mwa miaka ya 1970. Mwaka 2002 Jess na mwenzake Jules walilazimika kwenda Marekani kwa kuwa kwao hapakuwa na ligi ya kulipwa, na ligi ya Marekani waliyoiota ilivunjika mwaka 2003. Leo England ina ligi yake ya kulipwa na ni bingwa wa Ulaya mara mbili mfululizo, 2022 na 2025.

Ungesema hadithi imekwisha, hakuna tena wa kuombwa ruhusa. Lakini kikosi kilichotwaa kombe mjini Basel Julai 2025 hakikuwa na mchezaji hata mmoja mwenye asili ya Asia Kusini. Jess angekuwa sasa na miaka zaidi ya 40, pengine na binti wa umri wa kucheza. Mwandishi wa filamu ya pili atalazimika kueleza ni nani anayemzuia binti huyo, maana safari hii si baba yake.